Muziki na sauti za filamu huru: je, mtu mmoja abebe kazi zote mbili?

Swali: Mimi ni prodyuza wa muziki, naishi Morogoro. Kwa miaka kadhaa nimekuwa nikitengeneza midundo ya wasanii wa bongo fleva na matangazo ya redio. Rafiki yangu ambaye ni mwongozaji amenikabidhi filamu yake ya kwanza ndefu, iliyokwisha kurekodiwa na sasa iko kwa mhariri. Anataka nitunge muziki na pia nishughulikie sauti nyingine zote, kwa kuwa hana fedha za kuajiri watu wawili. Natamani hii iwe kazi yangu ya maisha. Je, nikubali yote mawili? Ni lazima nisomee? Na malipo yawe vipi?

Jibu: Ndugu msomaji, kubali kazi zote mbili, lakini ziandikie makubaliano mawili, na anza na ile ambayo pengine huipendi, yaani mazungumzo ya waigizaji, kabla hujagusa kinanda. Nasema hivyo kwa sababu maprodyuza wengi wanaoingia kwenye filamu wakitokea studio za muziki hufuata mpangilio ulio kinyume: hutunga kwanza, hupendezwa na walichotunga, kisha hutafuta mahali pa kukiweka, na maneno ya waigizaji hubanwa katika upenyo unaobaki. Katika wimbo, kila sauti unayoisikia imo kwa sababu wewe umeiweka. Katika filamu unazikuta sauti ambazo hukuzialika, na nusu ya usanifu wa sauti ni kuamua zipi zibaki. Mtazamaji wetu huvumilia picha yenye giza, na humvumilia hata mwigizaji dhaifu, lakini akikosa kusikia kinachosemwa kwa dakika mbili mfululizo huchukua simu yake, na hapo muziki wako, hata uwe mzuri namna gani, hauna wa kumsikiliza.

Filamu huru za kwetu, yaani zile zisizo na kampuni kubwa nyuma yake, hurekodiwa katika nyumba za watu, si katika studio zilizozibwa sauti. Kuna bati linalolia likipata joto na linalomeza kila neno mvua inaponyesha, kuna friji, feni, jenereta ya duka la jirani, bodaboda zinazopita dirishani, na kwa Dar es Salaam na Zanzibar kuna kunguru. Kuna pia adhana, ambayo nitaieleza kwa urefu kidogo kwa sababu ndiyo inayowaumbua wasanifu wengi. Tukio la dakika tatu huweza kurekodiwa kwa saa tano. Mwigizaji wa kwanza amerekodiwa adhana ya adhuhuri ikisikika kwa mbali, na anayemjibu amerekodiwa baadaye mtaa ukiwa kimya. Mhariri wa picha akiwaunganisha, adhana inakatika na kurudi kila picha inapogeuka. Isitoshe, ikiwa kwa mujibu wa hadithi tukio hilo ni la usiku wa manane, basi kila Mwislamu aliyeko ukumbini, pamoja na jirani yake asiye Mwislamu, atajua mara moja kwamba mlirekodi mchana.

Dawa ya tatizo hilo iko katika hatua tatu, na zifuatwe kwa mpangilio huu. Kwanza, dai upewe rekodi zote za tukio hilo, zikiwamo zile ambazo mhariri alizikataa, kwa sababu mara nyingi sentensi iliyoharibika katika rekodi ya pili iko safi katika rekodi ya nne, na midomo inalingana vya kutosha. Pili, pale ambapo hakuna sentensi safi, mwite mwigizaji aseme upya huku akitazama picha yake. Mrekodi kwa maiki ya aina ileile iliyotumika eneo la kurekodia na kwa umbali uleule, si kwa maiki yako ya waimbaji iliyo sentimita kumi kutoka mdomoni, la sivyo atasikika kana kwamba ameondoka sebuleni na kuingia kabatini. Tatu, ikiwa adhana ina haki ya kubaki, ibaki nzima, kwa wakati wake, ikipita chini ya tukio lote bila kukatika. Sipendi kabisa tabia ya kuipachika kama pambo la kuonyesha kwamba tuko pwani.

Muulize pia mwongozaji kama walirekodi ukimya wa kila chumba, yaani nusu dakika ambapo watu wote wamesimama bila kusema wala kusogea. Hakuna ukimya mtupu katika picha, kwa maana kila chumba kina mvumo wake, na ukifuta kelele kati ya maneno bila kuujaza mvumo huo, mtazamaji husikia mashimo. Kama hawakurekodi, na katika filamu za kwanza kwa kawaida hawarekodi, utalazimika kuokota vipande vya sekunde moja moja katikati ya maneno na kuviunganisha hadi vitoshe. Ni kazi ya kuchosha, na haina sifa kwa yeyote. Hata hivyo ndiyo inayofanya kazi zako nyingine zote zisikike kuwa za kitaalamu.

Sasa nije kwenye sababu ya kukushauri uzibebe zote mbili. Umeme wetu huenda kwa mizunguko 50 kwa sekunde, na vifaa vinavyotumia umeme huo, kama friji, transfoma na taa za mirija, huvuma kwenye 50 Hz na hasa kwenye 100 Hz. Nota ya G ya chini kabisa kwenye kinanda iko karibu 49 Hz, na ile ya juu yake iko karibu 98 Hz. Kwa hiyo jiko lenye friji tayari limekupa nota, ambayo ni G iliyopanda kwa kama theluthi ya nusu toni. Mtunzi asiyejua habari za friji hutunga kwa A bemoli, nota iliyo jirani kabisa na G, kisha yeye na mwongozaji wanashangaa kwa nini tukio linachosha masikio. Anayeshika kazi zote mbili ana njia kadhaa: anaweza kuufuta mvumo, kuushusha kidogo ukaanguka kwenye nota yake, au kuuchukua kuwa mwanzo wa muziki wenyewe, ukianza kama friji na kuishia kama selo, ile fidla kubwa yenye sauti nzito, bila mtazamaji kujua ni wapi mpaka ulivukwa. Uamuzi wa namna hiyo hauwezekani kwa urahisi pale ambapo mtunzi na msanifu wa sauti wanakutana kwa mara ya kwanza siku ya kuchanganya sauti, kila mmoja akiwa amejaza nafasi yote.

Huko nje kuna mifano mashuhuri ya fikra hii. Hildur Guðnadóttir wa Iceland, alipotunga muziki wa mfululizo wa televisheni wa Chernobyl uliotoka mwaka 2019, alikwenda na mrekodi sauti Chris Watson katika kituo cha nyuklia cha Ignalina nchini Lithuania, ambacho kilikuwa kimezimwa, wakarekodi vyumba, milango na mitambo, na kutokana na rekodi hizo akatengeneza muziki wake. Mfano ulio karibu zaidi na ombi lako ni wa Nicolas Becker, Mfaransa aliyejifunza kazi kwa kutengeneza sauti za vitendo, yaani hatua za miguu, nguo, vyombo na milango. Katika Sound of Metal, filamu ya mwongozaji Darius Marder inayomhusu mpiga ngoma anayepoteza uwezo wa kusikia, Becker alisimamia usanifu wa sauti na pia alitunga muziki pamoja na Abraham Marder, ndugu wa mwongozaji. Muziki na kelele katika filamu ile havina mstari wa kuvitenga, kwa sababu hadithi yenyewe ni ya sikio. Mwaka 2021 Becker na wenzake wanne walipata tuzo ya Oscar ya sauti. Kumbuka kwamba walikuwa watano. Wewe uko peke yako, kwa hiyo chagua matukio machache yatakayopewa usanifu wa kina, na mengine uyaache yawe safi na ya kawaida.

Ili maamuzi hayo yawezekane, kaa na mwongozaji mwangalie filamu nzima kabla hujatunga chochote, mkisimamisha kila mahali na kuandika: hapa kuna muziki, hapa kuna mazingira tu, hapa pawe karibu kimya. Katika kikao hicho utetee ukimya. Waongozaji wa filamu ya kwanza huogopa kwamba tukio halina nguvu, na huomba muziki ulibebe. Mara nyingi tukio likishasafishwa mazungumzo yake na kuwekewa mazingira yanayostahili, husimama lenyewe, na ombi la muziki hupotea bila ubishi. Hiyo ni sababu nyingine ya kuanza na mazungumzo.

Jihadhari hasa na muziki wa muda, yaani nyimbo za filamu za watu ambazo mhariri huweka ili apate mwendo wa kukata picha. Mwongozaji akiusikia kwa wiki sita, masikio yake huuoa, na chochote utakachompa kitasikika kama mgeni. Mtunzi Alex North alitungia nusu ya kwanza ya filamu ya 2001: A Space Odyssey muziki wake, lakini filamu ilipotoka mwaka 1968 mwongozaji Stanley Kubrick alikuwa amebaki na rekodi za muziki wa klasiki alizokuwa akizitumia kwa muda, na North aliligundua hilo alipokwenda kuitazama filamu yenyewe. Ombi langu kwa waongozaji ni kwamba wampe mtunzi muswada wa filamu mapema, atoe vipande vya awali, na vipande hivyo ndivyo mhariri avitumie. Guðnadóttir alifanya hivyo kwa filamu ya Joker: alitunga kwa kusoma muswada kabla ya kurekodi, na ile ngoma ya mhusika mkuu ndani ya choo iliigizwa muziki wake ukipigwa. Filamu yako imeshapita hatua hiyo, lakini bado unaweza kumpa mhariri vipande vyako wiki hii. Kwa filamu ijayo ya rafiki yako, dai muswada kabla ya siku ya kwanza ya kurekodi. Ukipewa nafasi hiyo, nenda eneo la kurekodia angalau siku moja ukarekodi mazingira na ukimya wa vyumba.

Muziki wenyewe uuweke mbali na maneno. Kueleweka kwa usemi hutegemea zaidi eneo la kati ya 1 kHz na 4 kHz, yaani mizunguko elfu moja hadi elfu nne kwa sekunde, na hapohapo ndipo fidla na kanuni, ile ala ya nyuzi nyingi ya taarabu, zinapong'aa. Ukipiga taarabu nzima chini ya ugomvi wa mke na mume, mmoja kati ya ugomvi na taarabu lazima ashindwe. Udi, selo na marimba za chini huweza kukaa chini ya maneno bila kuyasumbua. Nakushauri pia usitegemee kinanda na sauti za kompyuta pekee. Mpiga fidla mmoja wa kweli, aliyelipwa kwa mchana mmoja, huipa filamu uhai ambao maktaba ya sauti haitoi, na hapo utawapata wanamuziki katika Chuo cha Muziki cha Nchi za Jahazi kilichoko Zanzibar au miongoni mwa wahitimu wa TaSUBa, taasisi ya sanaa na utamaduni ya Bagamoyo. Ukitaka kutumia rekodi ya zamani badala ya kutunga, fahamu kwamba kuna haki mbili, ya mtunzi na ya mwenye rekodi, na ruhusa ya mmoja haimalizi ya mwenzake. Kwa Tanzania Bara, sheria ya hakimiliki ya 1999 humlinda mtunzi maisha yake yote na miaka 50 baada ya kufa, na inalinda pia sanaa za jadi, kwa hiyo wazo kwamba wimbo wa asili hauna mwenyewe si salama.

Kuhusu masomo, cheti si sharti. Mwongozaji hakuulizi ulisomea wapi, anataka kusikia ulichofanya. Ila kuna mambo ya kiufundi ambayo mtu wa muziki hulazimika kuyajifunza upya, na machache yanatosha kuanzia. Filamu hufanyiwa kazi kwa 48 kHz na biti 24, si kwa 44.1 kHz ya muziki. Fahamu filamu ina fremu 24 au 25 kwa sekunde kabla hujaanza, kwa sababu filamu ya fremu 24 ikiharakishwa kuwa 25 huenda kasi kwa takriban asilimia 4, na muziki wako hupanda sauti kwa takriban asilimia 70 ya nusu toni. Usianze kazi ya mwisho kabla mhariri hajasema kwa maandishi kwamba picha imefungwa, yaani haitakatwa tena. Kiwango cha ukubwa wa sauti hutofautiana: televisheni za Ulaya huomba -23 LUFS (kipimo cha wastani wa ukubwa wa sauti), mitandao ya video ina viwango vyake, na sinema haina namba ya namna hiyo bali hutegemea ukumbi uliopimwa. Midundo ya bongo fleva hubanwa ili ivume muda wote, lakini filamu inahitaji nafasi ya kunong'ona ili kelele iwe na maana. Vifaa si kikwazo kikubwa. Hedifoni zilizofunika masikio, jozi ya spika unazozijua vizuri, kinasa sauti cha kubebeka na maiki moja ya fimbo vinatosha, na programu kama DaVinci Resolve ina sehemu kamili ya sauti isiyolipiwa.

Kama unatafuta shule, iko kwenye mchezo wa redio. Twende na Wakati, iliyoanza kurushwa na Radio Tanzania mwaka 1993, iliwafanya wasikilizaji wajue mhusika yuko wapi na anafanya nini bila picha hata moja. Jitengenezee mchezo wa dakika tano kwa njia hiyo, kisha umpe mtu asiyejua hadithi akueleze alichokiona.

Sasa malipo. Nasisitiza makubaliano mawili kwa sababu kazi hizi zina tabia tofauti kisheria. Usanifu wa sauti ni huduma: unafanya, unalipwa, unamaliza, na vizuri ulipwe kwa wiki za kazi. Muziki ni mali, nayo huendelea kuzaa baada ya filamu kutoka. Ukiviweka vyote katika karatasi moja yenye kiasi kimoja, mwongozaji atadhani amenunua vyote milele, na wewe utadhani umemkodisha. Kwa kuwa bajeti ni ndogo, mwambie waziwazi kwamba unakubali kiasi kidogo cha muziki kwa sharti la kubaki na hakimiliki yake, naye apate leseni ya kuutumia katika filamu hiyo, matangazo yake na matamasha, bila mtu mwingine kuruhusiwa kuutumia katika filamu nyingine kwa muda mtakaopatana. Andika idadi ya marekebisho yaliyomo katika bei, na bei ya yale yatakayozidi. Gawa malipo mara tatu, wakati wa kutia sahihi, wakati wa kukabidhi rasimu ya kwanza, na kabla ya kukabidhi faili za mwisho. Ahadi ya kulipwa filamu ikiuzwa iichukulie kama zawadi inayoweza kuja, isiwe kodi ya nyumba. Na urafiki usikuzuie kuandika, kwani ugomvi wa marafiki juu ya filamu huanzia kwenye kile ambacho kila mmoja alidhani mwenzake amekielewa.

Faili za mwisho zikabidhiwe zikiwa zimetenganishwa katika makundi matatu: mazungumzo, muziki, na sauti nyingine zote. Msambazaji wa nje akitaka kuitia filamu maneno ya Kifaransa au Kireno, atahitaji muziki na sauti bila mazungumzo, na kama hatua za miguu zilirekodiwa pamoja na maneno, zitatoweka pamoja nayo. Kwa hiyo tengeneza upya sauti za vitendo hata pale ambapo za eneo la kurekodia zinaridhisha, angalau kwa matukio makuu. Pamoja na faili hizo, andaa orodha ya matumizi ya muziki inayoonyesha kila kipande, muda wake, mtunzi na mwenye haki. Orodha hiyo ndiyo vyama vya mirabaha hutumia kumlipa mtunzi filamu ikirushwa kwenye televisheni. Sajili kazi yako COSOTA, ofisi ya hakimiliki ya Tanzania, na ujiunge na chama cha kukusanya mirabaha kabla filamu haijaonyeshwa. Usitarajie kila mahali palipe: sinema za Marekani hazimlipi mtunzi mirabaha ya maonyesho, hali iliyotokana na uamuzi wa mahakama wa mwaka 1948 dhidi ya ASCAP, chama cha watunzi cha Marekani, ilhali sinema za nchi nyingi za Ulaya hulipa.

Je, kazi hii inaweza kuwa ya maisha? Inaweza, ila si kwa filamu huru peke yake, na kwa miaka ya mwanzo usiache matangazo ya redio. Filamu za maelezo za mashirika, podikasti na michezo ya redio hutumia ujuzi uleule na hulipa kwa wakati zaidi. Filamu huru itakupa kitu kingine, nacho ni mwongozaji. Clint Mansell alikuwa mwanamuziki wa bendi, hajawahi kutungia filamu, mwongozaji Darren Aronofsky alipomwita kwa Pi, filamu ya mwaka 1998 iliyorekodiwa kwa takriban dola 60,000. Miaka miwili baadaye walitengeneza Requiem for a Dream, na waliendelea pamoja hadi Black Swan ya 2010 na baada yake. Kwa hiyo unapochagua kati ya filamu mbili zenye malipo hafifu, usiangalie ipi ina hadithi ya kusisimua zaidi. Angalia ni mwongozaji gani atatengeneza ya pili na ya tatu, na ambaye ulipomwambia tukio fulani halihitaji muziki alikaa akasikiliza.

Kabla ya kumkabidhi rafiki yako faili, tafuta ukumbi wowote wenye spika kubwa, hata wa kanisa au wa chuo, muiangalie filamu nzima humo mkiwa mmekaa safu ya nyuma. Makosa ya sauti za chini ambayo chumba chako kidogo huyaficha hujitokeza hapo, na ni nafuu kuyasikia Morogoro kuliko kuyasikia Mji Mkongwe usiku wa kuonyeshwa katika ZIFF, tamasha la kimataifa la filamu la Zanzibar. Na katika majina ya mwisho, dai uandikwe mara mbili, katika mistari miwili tofauti, mmoja wa muziki na mwingine wa usanifu wa sauti, kwa kuwa mtayarishaji anayetafuta mtu wa sauti husoma mstari wa sauti tu.